Namna ya kutafuta alama za Chama na kampuni katika historia ya familia ya Lubumbashi

Mwongozo huu ni wa mtu anayetaka kuandika historia ya familia yake, ya mtaa wake au ya kundi la wastaafu wa Gécamines, kampuni ya shaba ya serikali, na ambaye anataka kuelewa jinsi siasa ya Zaire, yaani Kongo ya Mobutu, ilivyowafanya watu wa mji wa shaba wajione kuwa watu wa namna fulani. Ushauri wangu mkuu ni huu: usimwulize mzee habari za itikadi. Mwulize habari za posho, king'ora, nyumba, jina na nguo. Ukimwuliza juu ya itikadi, atakupa jibu ambalo amekwisha kulisikia redioni mara nyingi. Ukimwuliza siku ya posho, atakusimulia nani alihesabiwa katika familia na nani aliachwa nje ya hesabu, na humo ndimo siasa ilimokaa.

Jua kwanza ni itikadi gani unayoitafuta

Zaire haikujiita nchi ya kisoshalisti. Ilani ya N'Sele, iliyotolewa tarehe 20 Mei 1967 wakati wa kuanzishwa kwa Mouvement Populaire de la Révolution (MPR), ambacho ndicho Chama cha mwongozo huu, ilisema kwamba njia yake si ya kushoto wala ya kulia. Hata hivyo zana zilizotumiwa zilifanana sana na zile za nchi za kisoshalisti: chama kimoja cha siasa, muungano mmoja wa wafanyakazi ulioitwa UNTZa, vijana waliopangwa katika JMPR, kazi ya lazima iliyoitwa salongo, pamoja na nyimbo na ngoma za kumsifu kiongozi. Rais Mobutu alizuru China mwaka 1973, kisha mwaka 1974 akafika pia Korea Kaskazini, na watu wa rika lile watakuambia wenyewe kwamba baada ya safari hizo ngoma za Chama ziliongezeka. Katiba ya 1974 ilikamilisha jambo hilo: MPR ikawa chombo cha pekee cha taifa, na kila Mzaire akahesabiwa kuwa mwanachama tangu kuzaliwa kwake, apende asipende.

Inafaa kuulinganisha mji wetu na mji mmoja wa kisoshalisti kweli, ili tofauti ionekane. Nowa Huta ilianza kujengwa mwaka 1949 karibu na Kraków, nchini Poland, kuzunguka kiwanda kikubwa cha chuma; ilipangwa na Chama cha kikomunisti cha huko tangu tofali la kwanza, wakaletwa humo vijana kutoka vijijini, na katika ramani yake hapakuwekwa kanisa. Mwaka 1960 wakazi walipambana na polisi kwa ajili ya msalaba mmoja, na kanisa walilolidai lilikuja kuwekwa wakfu mwaka 1977. Huko Chama kilijenga nyumba, kisha kikadai shukrani. Kwetu mambo yalikwenda kinyume. Kiwanda cha kuyeyushia shaba kando ya mto Lubumbashi kilianza kazi mwaka 1911, mwaka mmoja baada ya mji kuanzishwa, na kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1920 Union Minière, kampuni ya madini ya Wabelgiji, iliacha kutegemea wafanyakazi wa kuja na kuondoka, ikaanza kuwapa mikataba ya miaka mitatu, kuwaruhusu waje na wake zao, kuwajengea nyumba, kuwasomesha watoto wao na kuwatibu. Mobutu alipoitaifisha kampuni hiyo mwanzoni mwa 1967, alikuta mji ambao tayari ulikuwa na baba. Chama hakikujenga nyumba. Kiliingia katika nyumba ya mwingine na kubadilisha picha ukutani.

Kwa hiyo unapochunguza, tarajia kukuta tabaka tatu ambazo mzee huzichanganya katika sentensi moja: kampuni, Chama, na mkoa. Mkoa usiusahau, kwa sababu Chama kiliingia Lubumbashi miaka michache tu baada ya Katanga, mkoa wetu, chini ya Moïse Tshombe, iliyojitenga na Kongo tarehe 11 Julai 1960 na kusambaratika Januari 1963. Kwa wengine hapa mjini, kujiita Mzaire kulikuwa kinga, maana kujiita Mkatanga kulikuwa kumegeuka kuwa hatari.

Andaa karatasi ya majina kabla ya kwenda kwa mzee

Wazee wengi hawatunzi tarehe, bali wanatunza majina. Chukua karatasi moja, uandike safu mbili. Upande mmoja Élisabethville, upande wa pili Lubumbashi, mwaka 1966. Jadotville na Likasi, mwaka huohuo. Kongo na Zaire, tarehe 27 Oktoba 1971. Katanga na Shaba, mwanzoni mwa miaka ya 1970, mkoa ulipobatizwa jina la madini yake. Union Minière, kisha Gécomin, kisha Gécamines. Kwa wapenzi wa mpira ongeza Englebert na Mazembe: timu iliyochukua Kombe la Afrika la vilabu mwaka 1967 na 1968 ilikuwa ikibeba jina la matairi ya Ulaya, na jina hilo halikuweza kudumu katika nchi iliyokuwa ikitafuta uhalisi wake.

Karatasi hiyo ina kazi mbili. Ya kwanza ni kupata tarehe: mama akikuambia kwamba mtoto wake wa tatu alizaliwa "wakati bado tunasema Gécomin", umepata muda usiozidi miaka michache bila kumsumbua kwa hesabu. Ya pili ni nzito zaidi. Sikiliza ni jina lipi analitumia bila kuulizwa, na katika habari gani. Utakuta mtu anayesema Union Minière anapozungumzia hospitali na shule, halafu Gécamines anapozungumzia mishahara iliyochelewa, ingawa vyote viwili vilitokea baada ya 1967. Usimsahihishe. Andika kama alivyosema, kisha pembeni weka mwaka. Kosa hilo la tarehe ndilo ushahidi wako: linakuonyesha jina gani lilibeba heshima na jina gani lilibeba lawama.

Anza na karatasi, maneno yafuate

Karibu kila familia ya mfanyakazi ina bahasha au sanduku dogo la makaratasi. Omba kwa adabu lifunguliwe, nawe usiliguse mpaka uambiwe. Tuseme mezani zimewekwa karatasi tatu za mtu mmoja. Kadi ya ubatizo ya miaka ya 1940 inamwita Albert Kalenga. Kadi ya Chama ya miaka ya 1970 inamwita Kalenga Mutombo, bila Albert. Kadi ya mpigakura ya miaka ya karibuni ina nafasi tatu: Kalenga, Mutombo, Albert. Hapo una historia nzima ya utambulisho mbele ya macho yako. Mwanzoni mwa 1972 majina ya Kikristo yalipigwa marufuku, na mapadri walitishiwa kifungo kama wangebatiza mtoto wa Kizaire kwa jina la Kizungu. Kila mtu ilimpasa atafute jina la mababu la kuongezea. Marufuku ilipokwisha, Albert alirudi, lakini Mutombo hakuondoka, na ndiyo sababu Mkongo wa leo hujaza fomu yenye jina, postnom (jina la kuongezea) na prénom (jina la kwanza, kama Albert), hata kijana ambaye hajawahi kusikia hotuba moja ya Mobutu.

Uliza basi: Mutombo alikuwa nani? Ni hapo ambapo mazungumzo huanza kupata joto. Wengine walichagua jina la babu, na kwa mara ya kwanza serikali iliandika jina hilo kwenye karatasi rasmi. Wao huieleza sheria ile kwa fahari, hata kama wanamlaani aliyeitoa. Wengine walichukua jina lolote lililokuwa karibu kwa sababu karani alikuwa na haraka. Wengine waliendelea kuitwa Albert nyumbani na kanisani, wakawa Kalenga Mutombo kazini tu. Usiandike kwamba "watu walikubali" au "watu walikataa" mpaka uwe umeuliza jina hilo lilitumika wapi, na nani, na saa ngapi za siku.

Baada ya jina, tafuta namba. Mstaafu wa Gécamines anaweza kusahau mwaka wa ndoa yake, lakini namba yake ya matrikula, yaani namba ya mfanyakazi, ataitaja kama anavyotaja jina la baba yake. Tafuta pia karatasi ya mshahara: inaonyesha daraja la kazi, na daraja ndilo lililoamua nyumba, mtaa, na hata shule. Mfanyakazi wa kawaida, mtu wa maîtrise (msimamizi) na cadre (mkubwa wa kazi) hawakuishi mahali pamoja, na watoto wao walijua tofauti hiyo kabla ya kujua kusoma. Chama kiliwaita wote citoyen, yaani raia. Mwulize mzee kama alipata kumwita mkubwa wake citoyen mbele ya wengine, na ilikuwaje.

Maswali ya posho

Hapa ndipo ningekushauri utumie muda mwingi kuliko mahali pengine popote. Uliza kwa Kiswahili cha nyumbani, si cha kitabu: "Papa, posho walikuwa wanatoa siku gani? Nani alikuwa anaenda kuikamata? Walikuwa wanapima na nini?" Unga wa mahindi, maharagwe, mafuta, samaki, chumvi: acha mzee ataje mwenyewe, kwa mpangilio wake. Kisha uliza swali linalofungua mlango: "Walikuwa wanahesabu watu wangapi kwenu?"

Kampuni ilimhesabu mume, mke mmoja na watoto wao. Haikumhesabu nkambo (babu au bibi) aliyekuja kutoka kijijini, wala mpwa aliyetafutiwa shule, wala mke wa pili. Kila kipimo cha unga kilikuwa fundisho kuhusu familia ni nini. Watu walifundishika, lakini pia walijua kuzunguka: mpwa aliandikishwa kama mtoto, na akakua na jina ambalo si la baba yake. Ukikuta familia ambamo ndugu wawili wana umri unaotofautiana kwa miezi mitatu, usishangae wala usicheke. Uliza kwa upole, ukiwa peke yako na mama wa nyumba.

Naam, mama. Watafiti wengi huondoka nyumbani mara papa anapochoka, nalo ni jambo la kusikitisha, kwa maana mikono iliyopokea na kugawa posho ilikuwa ya mama. Yeye ndiye aliyepita katika foyer social, mahali ambapo wake za wafanyakazi walifundishwa kushona, kupika, kulea mtoto na kupanga nyumba kwa namna iliyopendeza kampuni. Mwulize alishona nini kwanza, na kama kitambaa hicho bado kipo. Mara nyingi kipo, juu ya kiti au juu ya televisheni. Mwulize pia kama jirani wa mitaa ya Kenya au Katuba hapa mjini, asiye mke wa mtu wa kampuni, alimwona kuwa mwenzake au kuwa mtu wa juu. Katika jibu hilo utasikia utambulisho wa "watu wa kambi", yaani wa nyumba za kampuni, uliokuwapo kabla ya Chama na ambao Chama hakikuweza kuufuta.

Wengi watakuambia kwamba kampuni ilikuwa baba na mama. Maneno haya yanasemwa sana Lubumbashi hata yamekuwa mepesi, kwa hiyo usiishie hapo. Baba huyo alikuwa pia mkali: Desemba 1941 wafanyakazi waliogoma wakidai nyongeza ya mshahara walipigwa risasi na askari uwanjani. Uliza kama habari hiyo ilisimuliwa nyumbani, na nani aliisimulia. Familia nyingine zilitunza kumbukumbu zote mbili, ya risasi na ya maziwa ya watoto, bila kuona mgongano wowote.

Chama kiulizwe kwa mwili

Nyimbo za Chama ziombe ziimbwe. Mzee atakataa, atacheka, kisha mguu utaanza kwenda wenyewe. Uliza walivaa nini, walisimama wapi, nani aliongoza, na nani alikuwa na kawaida ya kuugua siku ya maandamano. Abacost, suti ya wakati wa Chama isiyovaliwa na tai, uliza ilishonwa na fundi gani, kwa kitambaa cha bei gani, na ilipoacha kuvaliwa ilikwenda wapi. Salongo uliza ilifanyika wapi hasa: mfereji gani, barabara ipi, shamba la nani. Mtu anayesema kwa ujumla kwamba salongo ilikuwa utumwa anaweza, akifika kwenye mfereji fulani wa mtaa wa Kamalondo, kusema kwa sauti nyingine kwamba mfereji ule ulikuwa safi. Yote mawili ni ya kweli kwake.

Kazini Chama kilikuwa na sura ileile ya kampuni, kwa kuwa wakubwa wa kazi ndio waliokuwa wakubwa wa tawi la MPR mahali pa kazi. Jambo hili lina uzito kuliko hotuba zote. Mfanyakazi aliyeonewa na mkubwa wake angempelekea nani malalamiko, ikiwa muungano wa wafanyakazi ulikuwa mmoja na ulikuwa chini ya Chama? Mwulize mzee alimwendea nani alipokuwa na shida. Usipendekeze majibu. Ukisikia padri, mtu wa kabila lake, kapteni wa timu ya mpira au mkubwa wa chama cha akiba cha watu wa kwao, umegundua njia ambazo utambulisho mwingine uliendelea kulishwa chini ya bendera ya kijani ya Chama. Hasa kanisa: mwaka 1974 Krismasi iliondolewa katika siku za mapumziko na shule za dini zikachukuliwa na serikali, lakini mwaka 1977 shule zilirudishwa mikononi mwa makanisa, na waliokuwa wanafunzi katika miaka hiyo mitatu wana kumbukumbu zisizofanana na za kaka zao wala za wadogo zao.

Picha za ukutani nazo zisomwe. Katika miaka ya 1970 wachoraji wa Lubumbashi waliziuzia familia za kawaida picha za rangi zilizoonyesha ukoloni, Lumumba, mamba, treni, kiwanda na moshi wake. Anayejulikana zaidi kati yao, Tshibumba Kanda Matulu, alichora karibu historia yote ya nchi katika mfululizo wa picha. Ukikuta picha ya aina hiyo sebuleni, uliza nani aliinunua na kwa nini ile, na si nyingine. Makumbusho ya Lubumbashi na mradi wa Mémoires de Lubumbashi, ulioanzishwa mwaka 2000 na wanahistoria wa chuo kikuu, vinaweza kukusaidia kulinganisha ulichokikuta.

Unapofika kwenye mkoa, punguza mwendo

Tarehe 24 Aprili 1990 Mobutu alitangaza mwisho wa chama kimoja. Tai zilirudi shingoni, Monsieur na Madame wakarudi mdomoni. Lakini katika miezi hiyohiyo kampuni nayo ilikuwa ikianguka: Septemba 1990 mgodi wa Kamoto huko Kolwezi uliporomoka, na uzalishaji wa shaba wa Gécamines, uliokuwa umepita tani 450,000 kwa mwaka katikati ya miaka ya 1980, ulishuka hadi takriban tani 30,000 mwaka 1994. Chama kilikwenda na posho ikaenda. Kilichobaki kumwambia mtu yeye ni nani kilikuwa mkoa na kabila.

Mwaka 1992 na 1993, wakati Kyungu wa Kumwanza alipokuwa gavana, watu wenye asili ya Kasai walifukuzwa Katanga kwa wingi. Maelfu walingoja treni katika stesheni za Likasi na Kolwezi, na wengi walifia humo. Baba na babu zao walikuwa wameandikishwa na kampuni yenyewe, ikawaleta kwa treni kufanya kazi, ikawapa namba, nyumba na posho, kisha Chama kikawaita citoyen kwa zaidi ya miaka 15. Ukitaka kuona itikadi inavyounda mtu na kisha kumwacha, tazama hapa kuliko katika ilani yoyote.

Lakini usianze mahojiano na habari hii, wala usiiulize mbele ya majirani. Waliofukuza na waliofukuzwa, au watoto wao, huenda wanachota maji kwenye bomba moja leo. Mwambie mzee mapema kwamba jina lake halitaandikwa, zima kinasa sauti cha simu akikuomba, na ukiona anataja jirani kwa jina, liache jina hilo nje ya daftari. Swali linalofaa ni moja tu: "Wakati ule, mlikuwa mnajiita nani?" Kisha nyamaza. Ukimya hapa unaweza kuwa mrefu, nawe usiujaze.

Kuandika ulichokipata

Usiandike sura moja kuhusu kampuni, moja kuhusu Chama na moja kuhusu mkoa; utayatenganisha mambo ambayo mtu aliyaishi kwa siku moja. Njia iliyonyooka zaidi ni kuwachukua ndugu watatu wa nyumba moja, aliyezaliwa karibu na 1950, aliyezaliwa karibu na 1965 na aliyezaliwa karibu na 1980, kisha kuandika jinsi kila mmoja anavyojibu maswali yaleyale ya jina, posho, wimbo na kabila. Wa kwanza atakuwa na jina la Kikristo lililofichwa na namba ya matrikula. Wa pili atakuwa anajua nyimbo zote. Wa tatu atakuwa amemwona baba yake akisaini karatasi za kuondoka kwa hiari mwaka 2003 au 2004, pamoja na wafanyakazi wengine zaidi ya 10,000, na huenda yeye ndiye atakayeisifu kampuni kuliko wote, ingawa hakula posho yake kwa muda mrefu. Andika kwa vitenzi vya mtu, "alivaa", "aliimba", "alificha", na neno itikadi liweke pale tu ambapo huna lingine.

Ukimaliza, chapa nakala na umrudishie mzee kabla ya kumpa mtu mwingine yeyote. Msomee kwa sauti kama macho yake hayaoni vizuri, tena mbele ya mama, kwa kuwa mama ndiye atakayesema ni nani aliyesahaulika katika hesabu. Mahali wanapobishana, andika maoni ya wote wawili, kila moja na mwenyewe, bila kuamua. Makaratasi ya familia yapige picha kwa simu juu ya meza yao, mchana, karibu na dirisha, kisha yarudi ndani ya sanduku lao siku ileile.